Neno Lililomezwa na Treni

"Mama Nurdin, hivi ni kweli wewe ndiye unayelia kwenye simu ya Violet?"

Swali hilo aliniuliza jirani yangu Elisifa asubuhi moja mwaka jana, tukiwa tunaanika nguo kila mmoja upande wake wa ua. Nilikuwa na shuka mkononi. Nikalitundika kwanza, nikalibana kwa vibanio viwili, ndipo nikamjibu.

"Nalia vipi?"

"Unalia! Kuna msichana wa Kijapani kwenye katuni, kavaa sketi ya shule, kasimama kwenye mvua, analia. Sauti ni yako. Nikamwambia Violet, huyu si Mama Nurdin? Akaniambia, hapana mama, huyo ni Natsue. Nikamwambia Natsue gani? Mimi nimepakana na huyo mama miaka kumi na mitano, naijua sauti yake hata akifukuza kuku."

"Ni mimi," nikasema.

Kibanio kikamdondoka. "Wewe? Mwalimu wa madrasa?"

"Mimi."

"Na ile 'astaghfirullah' pale yule kijana alipoteleza akamwangukia?"

"Hiyo nayo ni mimi. Na hapo sikuigiza."

Elisifa alicheka mpaka akashikilia kamba, nguo zake zote zikacheza. Mimi nilicheka kidogo tu. Elisifa ni Mlutheri, hajawahi hata kusimama kwenye mlango wa msikiti wetu. Kama yeye ameitambua sauti, basi wa msikitini wameshaitambua zamani. Na huko msikitini nilikuwa na kitu nisichotaka kukipoteza, nacho ni darasa langu.

Kila Jumamosi na Jumapili asubuhi nafundisha watoto wadogo herufi na sura fupi. Shule niliishia darasa la saba, lakini Kurani nilifundishwa na baba yangu mzazi, kwa kurudia na kurudia mpaka ulimi ukazoea njia. Mume wangu alipofariki, siku nilipomaliza eda, mahali pa kwanza nilipokwenda palikuwa darasani. Watu walisema Rukaiya ana subira. Haikuwa subira. Zilikuwa kelele za watoto thelathini wakisoma kwa pamoja. Katikati ya kelele zile mtu hawezi kuanguka.

Sasa nieleze nilivyofika kwenye simu ya Violet.

Mwanangu Nurdin ana chumba cha biashara Kiboriloni, jirani na sokoni. Anatengeneza simu, na anauza filamu alizoziingizia maneno ya Kiswahili. Mnazijua filamu hizo. Mtu mmoja anawasemea wote: akiwa polisi anaunguruma, akiwa jambazi anaunguruma zaidi, na mwanamke akifungua mdomo, msemaji anabana pua. Wateja wa Nurdin walikuwa hawajali, mpaka alipoleta hadithi ya wanafunzi wa Kijapani inayoitwa Dirisha la Tatu. Humo msichana ndiye mwenye hadithi, anaongea kuanzia mwanzo hadi mwisho. Mteja mmoja akarudisha flashi akamwambia, "Kaka, huyu mtoto wako ana mafua sehemu ya kwanza mpaka ya tatu. Mpelekeni hospitali."

Akaja kwangu. "Mama, wewe una sauti safi. Hukwami, huli maneno."

"Nikaseme kwenye katuni?"

"Si katuni, mama. Inaitwa anime. Katuni ni za watoto."

"Na hao wenye mabegi ya shule ni wazee?"

Alinibembeleza wiki nzima. Mwisho nikakubali kwa masharti. Matusi sisemi. Adhana ikiita, kazi inasimama. Na kile kinachosemwa ndicho nitakachosema, siongezi wala sipunguzi, kwa sababu ndivyo ninavyowafundisha watoto wa watu: herufi isizidi, herufi isipungue.

Njoro, mtaani kwetu, hapakufaa kwa kazi ile. Upande huu fundi anachomelea mageti, upande ule pikipiki zinajaribiwa. Tukapanda Old Moshi kwa Dominika. Dominika ni mjane kama mimi, Mkatoliki wa rozari mkononi, anauza ndizi Kiboriloni mkabala na mlango wa Nurdin. Nyumbani kwake, katikati ya migomba, ana stoo ya kahawa. Nurdin aliingia akapiga makofi mara moja, sauti haikurudi, magunia yaliimeza. "Hapa ndipo," akasema. Akaweka maiki juu ya gunia, mimi nikakaa kwenye kigoda, yeye anasoma maneno ya Kiingereza yaliyoandikwa chini ya picha na kunitafsiria kwa Kiswahili, mimi nayasema. Dominika alikaa mlangoni akipukuchua maharage, na alikatazwa kuongea. Hakuweza.

Hadithi yenyewe ni fupi. Natsue anakaa dirisha la tatu. Haruo anakaa nyuma yake. Wanapendana, kila mtu shuleni anajua isipokuwa wao. Basi.

Nitasema kweli, mwanzoni nilikuwa na dharau. Halafu nikaona watoto wale wanavua viatu mlangoni, wanafagia darasa wenyewe na kupiga deki wakiwa wamefunga vitambaa kichwani. Nikasema hawa wamelelewa. Katika sehemu ya nne, Natsue anaamka alfajiri kumpikia Haruo chakula cha mchana, anakipanga kwenye kikopo, mayai huku, mboga huku, kama anapamba bibi harusi. Akifika shuleni anakitupa juu ya meza ya kijana na kusema, "Kula tu, vilibaki jana."

Hapo nilinyamaza, Nurdin akadhani nimesahau maneno. Sikusahau. Marehemu baba yake aliniletea kanga ya kwanza akaniambia, "Chukua, nimepewa tu njiani." Nilikuja kujua baadaye kwamba aliifuata Arusha.

Lakini hadithi ilikuwa na kasoro, nazo hazikuhitaji miwani.

"Mama Nurdin," Dominika aliuliza, "hawa watoto hawana wazazi?"

"Wapo, wanafanya kazi mbali."

"Wote? Shule nzima? Yule binti anaishi peke yake kwenye nyumba ya vyumba vitatu! Hana hata shangazi?"

"Mama Dominika, tunarekodi," Nurdin akasema.

"Rekodi, baba, rekodi. Mimi nauliza tu."

Baada ya muda kidogo akaanza tena. "Na huyu Haruo ana nini hasa? Hachezi mpira, hajui hesabu, nywele zimemfunika macho kama mbuzi, na wasichana wanne wanamgombania. Mbona vijana wazuri wa huku kwetu hawagombaniwi?"

Nami nilikuwa na yangu. Mvua inanyesha kila mtu akitaka kulia, na mwavuli siku zote ni mmoja. Hakuna anayemaliza sentensi: "Mimi... yaani... wewe..." kisha mlango unafunguka. Mwaka mzima sikuwaona wakifanya mtihani hata mmoja. Na kila baada ya muda yule kijana anateleza na kumwangukia msichana kifuani, ati ndiyo kichekesho. Mara ya kwanza nilisema "astaghfirullah" kabla sijajizuia, na maiki ikanasa. Mara ya pili nikamwambia Nurdin akate kipande chote, la sivyo nateremka Njoro kwa miguu. Alikikata. Ile ya kwanza aliiacha, na ndiyo iliyopendwa kuliko zote. Hata ng'ombe wa Dominika alipendwa. Alilia bandani wakati Haruo anashika mkono wa Natsue kwenye sherehe ya shule, na mpaka leo watoto wa Njoro wanaamini shule ile inafuga.

Shida ilikuja sehemu ya kumi na mbili, ambayo ndiyo ya mwisho. Wawili hao wamesimama kwenye kivuko cha reli. Natsue amejikaza. Anavuta pumzi, anafungua mdomo, na treni inapita. Midomo inacheza, hakuna kinachosikika ila vyuma. Treni ikiisha, Haruo anauliza, "Umesema nini?" Natsue anatabasamu: "Hakuna. Nitakuambia kesho." Majina ya watengenezaji yanapanda. Mwisho.

"Mwisho?" Dominika akasimama, maharage yakamwagika. "Mwisho gani? Kesho ipi?"

"Ndiyo mwisho, hakuna nyingine," Nurdin akasema. "Lakini midomo inacheza, mama. Nafasi ipo. Weka 'nakupenda' hapo, tuokoe watu. Nani atajua?"

"Mpe neno, Mama Nurdin," Dominika akasema. "Mtoto wa watu amengoja mwaka mzima."

Nikakataa. Kama aliyetunga ameficha, mimi ni nani wa kufichua? Tukairudia sehemu ile ili niweke vizuri kile kicheko cha mwisho. Treni ikaanza kupita. Nikamtazama yule binti, jinsi alivyobana mkoba wa shule kwa mikono miwili. Sijui ni kanga ile niliyoikumbuka au ni nini, nikajisikia nikisema kwa sauti ya chini, "Nakupenda, mjinga wewe, mbona unaningojesha?"

Nurdin alinitazama kama mtu ambaye hajawahi kuniona.

"Futa," nikamwambia.

"Mama, hiyo ndiyo..."

"Nurdin. Futa."

"Nimeelewa, mama." Hakusema amefuta. Alisema ameelewa, na akajikuna sikio.

Siku mbili baada ya swali la Elisifa, Mzee Mashaka alikuja kwangu na mkewe, Bi Shida. Mzee Mashaka ni msimamizi wa madrasa, fundi seremala aliyechonga madawati yetu kwa mkono wake. Ni mtu mnyoofu kama rula yake. Alikataa kiti, akakubali kahawa tu, akainywa amesimama.

"Bi Rukaiya, nimeambiwa unamtamkia mwanamume maneno ya mapenzi, na Njoro nzima inasikiliza."

"Ni msichana ndani ya hadithi, mzee."

"Mdomo ni wako. Mdomo huohuo Jumamosi unawafundisha watoto sura. Neno 'nakupenda' si la kutembezwa sokoni. Nimefikiri darasa tumpe mwalimu mwingine wa kule juu."

"Mzee, nimewahi kusema neno hilo mbele ya nani?"

"Ni hadithi ya mapenzi. Lazima limo."

"Halimo. Sehemu kumi na mbili, hakuna aliyelitamka."

Mzee Mashaka alinitazama kama mtu anayeuziwa mbao mbichi. "Watu wanapendana mwaka mzima, na hakuna anayesema?"

"Ndiyo ubovu wake, mzee. Kila mtu analalamika."

"Sihukumu kwa kusikia," akasema. "Nitaitazama yote. Nikilikuta neno hilo katika sauti yako, hata mara moja, Jumamosi usije."

Walipoondoka nilimfuata Nurdin. "Ulifuta?"

"Nilifuta, mama," akasema, akajikuna sikio lilelile. Kompyuta ile mimi siwezi hata kuiwasha. Nikaswali rakaa mbili, nikamwachia Mwenyezi Mungu.

Wakaja siku tatu mfululizo, baada ya alasiri. Niliacha mlango wazi, kompyuta juu ya meza, Nurdin wa kubonyeza. Siku ya kwanza Mzee Mashaka alikaa wima mkono sikioni, akisubiri kosa langu. Sauti yangu iliposema "astaghfirullah", akakunja uso. "Jina la Mungu kwenye upuuzi."

"Kwani ungetaka aseme nini, baba Swaleh?" Bi Shida akamjibu. "Kijana mzima kamwangukia! Hata mimi nimesema."

"Wewe hujarekodiwa."

Siku ya pili Bi Shida alikuja na kashata. Mzee alikuja ameacha kushika sikio. Haruo alipopita mbele ya nyumba ya Natsue mara tatu bila kugonga, mzee alisema peke yake, "Gonga." Kijana akaondoka. "Huyu hana akili," akasema. "Mlango ule ni wa mbao nyepesi, ukigonga kidogo tu unasikika." Na lilipotokea kundi la wasichana wengine watatu, akauliza, "Wazee wa huyu kijana wako wapi? Si wamtume mshenga mambo yaishe?"

"Wazazi wote wanafanya kazi mbali, mzee," nikasema.

"Nchi nzima?"

"Nchi nzima."

Siku ya tatu zilibaki sehemu tatu, na vidole vyangu vilikuwa vya baridi ingawa jua la Moshi siku ile lingekausha kahawa kwa saa moja. Nurdin hakunitazama usoni. Wale wawili kwenye kivuko cha reli walipotokea, Bi Shida aliweka kashata chini. Mzee Mashaka alisogeza kiti chake mbele mpaka kikagusa meza.

Natsue akabana mkoba. Akavuta pumzi. Mimi nikaacha kuvuta yangu.

Treni ikapita. Mabehewa yakaja, midomo inacheza, mabehewa mengine, na sikusikia ila vyuma. Nurdin alikuwa amefuta. Nikashusha pumzi polepole ili nisisikike.

"Umesema nini?" Haruo akauliza.

"Hakuna. Nitakuambia kesho," nikasikia sauti yangu ikisema, na majina yakaanza kupanda.

"Weka inayofuata," Mzee Mashaka akamwambia Nurdin.

"Hakuna inayofuata, mzee. Imeisha."

"Imeishaje? Hajasema!"

"Ndivyo walivyoimaliza."

"Rudisha."

Nurdin akarudisha. Treni ikapita. Mzee akaomba tena, treni ikapita tena, yeye ameinama na kupeleka sikio kwenye kompyuta kama daktari. Mara ya tatu akaegemea kiti, akanigeukia.

"Haya. Neno halimo. Ulisema kweli. Lakini wewe ndiye mwenye sauti yake, Bi Rukaiya. Pale treni inapopita, wewe huko ulikorekodi hukusema kitu?"

Ningeweza kusema hapana. Kompyuta ilikuwa upande wangu, mwanangu alikuwa upande wangu, na Dominika angekula kiapo kwa Bikira Maria. Nurdin alinikazia macho na kutikisa kichwa taratibu. Lakini nikawaona wale watoto thelathini, na kidole changu kinachowapitisha kwenye mstari, na mimi nawaambia herufi isipungue.

"Nilisema, mzee."

Bi Shida alishika kifua. "Ulisema nini?"

"Nilisema, 'Nakupenda, mjinga wewe, mbona unaningojesha?' Lilinitoka. Nikamwambia Nurdin alifute, akalifuta. Neno nililisema, ila halikufika sokoni."

Nilijua nimejifungia mlango wa darasa kwa mkono wangu mwenyewe, na ajabu ni kwamba moyo wangu ulikuwa mwepesi.

"Loo!" Bi Shida akapasuka. "Siku tatu! Siku tatu nimekaa hapa nikingoja sentensi hiyohiyo, nawe umeifuta! Nurdin, huwezi kuirudisha?"

"Haiwezekani, mama."

"Uuuh, jamani!"

Mzee Mashaka hakucheka. Alitazama mikono yake, ile mikono mikubwa ya randa na misumari, akaigeuza. "Nani alikuambia ulifute?" akaniuliza.

"Hakuna, mzee."

"Nilikuwa sijaja kwako bado?"

"Ulikuwa hujaja. Hata minong'ono haikuwa imeanza."

Akaitikia kwa kichwa, mara moja, kama anapopima ubao na kuukuta umenyooka. "Jumamosi saa mbili," akasema. "Usichelewe. Na dawati la nyuma lina msumari umechomoza, nitakuja kuupiga kabla hawajaingia."

Nurdin aligeukia ukutani kujifuta macho, akisingizia vumbi. Ndipo Bi Shida, ambaye alikuwa bado ana hasira na treni, akamgeukia mumewe, mikono kiunoni.

"Sawa, yule mtoto wa Kijapani amezibwa na treni. Mimi je? Miaka arobaini na mmoja, baba Swaleh. Umenichongea kitanda, umenichongea kabati, umenichongea hata mbuzi ya kukunia nazi. Neno lenyewe sijalisikia. Na hapa ulipokaa hakuna treni."

Mzee Mashaka alifungua mdomo. Masikio yake, wallahi, yalikuwa mekundu kama ya yule Haruo. Aliutazama mlango, akamtazama mkewe, akanitazama mimi, akamtazama Nurdin, ambaye alikuwa ameacha vumbi lake ili asikie.

Halafu alivaa kofia, akavuta viatu vyake kwa mguu pale kizingitini, cha kushoto akakivaa kulia, akatoka hivyohivyo.